Maji ya Wote na Kizimba cha Mmoja

Mtu akichimba bwawa katika shamba lake, akaingiza maji kwa mfereji, akafuga samaki humo, hapana aliye na neno naye, maadamu hakuwanyima majirani maji yao. Shamba ni lake, bwawa ni lake, na samaki ni wake. Lakini mtu huyo akichukua nyavu zake akaenda kuzitanda ziwani au baharini, akafanya kizimba cha kuelea, akatia samaki maelfu ndani yake, jambo limegeuka. Samaki ni wake bado, lakini maji si yake. Maji yapitayo katika nyavu zake hayajui mpaka; huingia safi, hutoka yamechukua kinyesi cha samaki, na mabaki ya chakula, na pengine magonjwa, yakayapeleka kwa watu wasioonja faida yake hata kidogo. Hapo ndipo linapozuka swali ambalo twataka kulifikiri pamoja na wasomaji wetu: Mtu ana haki gani ya kutumia kwa faida yake kitu kilicho cha wote? Na hao wote, wana haki gani ya kumzuia?

Swali hili si la mbali nasi, maana katika Ziwa Victoria vizimba vya sato vimeongezeka sana katika miaka hii, upande wa Kenya, na Uganda, na Tanzania. Walakini atakaye kujua tabia ya mti haangalii mche tu, huenda kuutazama mti uliokwisha zaa. Basi kwanza twende Norwei, nchi ambayo imefuga samaki katika maji ya wote kwa zaidi ya miaka 50, na ambayo sheria zake juu ya kazi hiyo zimebadilika mara nyingi.

Pwani ya Norwei imekatwa-katwa na mahori marefu yaingiayo kati ya milima. Maji yake ni ya kina kikuu, tena yamekingwa na dhoruba. Mwisho wa miaka ya 1960 samaki aina ya heringi, waliokuwa riziki ya watu wengi wa pwani ile, walipungua sana kwa kuvuliwa kupita kiasi, na vijiji vikaanza kukosa kazi. Ndipo katika mwaka 1970, kwenye kisiwa cha Hitra, ndugu wawili, Ove na Sivert Grøntvedt, walipoweka vifaranga vya samoni katika kizimba cha kuelea, nao wakakua vizuri. Habari zikaenea upesi. Mwaka 1973 serikali ikaweka sheria ya kwamba hapana mtu kufuga pasipo hati ya ruhusa, na sheria zilizofuata zikataka mwenye kizimba awe mtu wa mahali pale, wala mmoja asishike vingi. Nia yao ilikuwa njema: kazi hii iwe tegemeo la vijiji, si shimo la fedha la matajiri wachache. Lakini mwaka 1991 masharti hayo ya umiliki yalilegezwa, na makampuni makubwa yakaanza kununua hati moja baada ya moja. Leo nchi ile hutoa samoni wapatao tani milioni moja na nusu kwa mwaka.

Tusiidharau faida hiyo. Kijiji ambacho vijana wake walikuwa wakikihama kimepata kazi, na shule yake haikufungwa. Tena wafugaji wamefanya mambo ya kusifiwa. Mwaka 1987 walitumia karibu tani 50 za dawa za kuua vijidudu kwa kutibu samaki wao, na watu wakaogopa. Wataalamu wakatafuta chanjo, wakaipata. Na leo, ingawa samaki wameongezeka mara nyingi, dawa hizo hazifiki hata tani moja kwa mwaka. Hilo latufundisha ya kuwa si kila dhara la kazi mpya ni dhara la milele. Akili na bidii zaweza kuondoa mengine.

Lakini yako madhara ambayo bado hayakuondoka. La kwanza ni chawa wa samaki. Wadudu hawa wako baharini tangu zamani, walakini samoni wa porini walikuwa wachache na wametawanyika, chawa wasipate pa kuzidi. Sasa katika hori moja wamewekwa samaki maelfu kwa maelfu mahali pamoja, na chawa huzaliana hapo kama moto katika majani makavu. Samoni mdogo wa porini, atokaye mtoni wakati wa masika ya huko kwenda baharini, hana budi kupita katika hori hilo. Samaki mkubwa aweza kuvumilia chawa kadhaa. Mdogo hufa kwa wachache tu. La pili ni kutoroka. Nyavu hupasuka, samaki wa kufugwa huingia mitoni na kuzaana na wale wa porini, na uzao wao hupungukiwa na nguvu za kuishi katika mto ule. Mwaka 2021 samoni wa porini wa Norwei aliandikwa katika orodha ya wanyama wanaokaribia hatari ya kutoweka. Katika Juni 2024 walionekana wachache hata serikali ikafunga mito 33, watu wasivue kabisa. Haki yataka tuseme ya kuwa vizimba si sababu peke yake, maana bahari yenyewe nayo yazidi kuwa na joto. Lakini wataalamu wa nchi ile huhesabu chawa na samaki watorokao katika matisho makubwa.

La tatu ni hali ya samaki wenyewe walio ndani. Mwaka 2023 samoni wapatao milioni 62.8 walikufa vizimbani Norwei kabla ya kufikia siku ya kuchinjwa, maana yake karibu 17 katika kila 100. Wengine walikufa kwa magonjwa, wengine kwa majeraha wayapatayo wanapooshwa kuondoa chawa. Mtu atasema, "Samaki ni samaki tu, ana nini?" Lakini sheria ya Norwei ya mwaka 2009 juu ya kutunza wanyama yasema kwamba mnyama ana thamani yake mwenyewe, mbali na faida anayompa mwanadamu, na samaki amehesabiwa pamoja nao. Mchungaji ambaye katika kila mbuzi 100 hufiwa na 17, mwaka baada ya mwaka, majirani hawamwiti mchungaji mwema. Sababu gani tumhukumu mfuga samaki kwa kipimo kingine, ila kwa kuwa samaki hana sauti ya kulia?

Basi sheria ifanye nini? Norwei imejaribu njia ya kipimo. Tangu mwaka 2017 pwani yote imegawanywa katika maeneo 13, na kila eneo hupewa rangi kama zile za taa za barabarani. Wataalamu hukadiria samoni wadogo wa porini wangapi hufa kwa ajili ya chawa. Wakiwa chini ya 10 katika kila 100, eneo ni la kijani, na wafugaji waweza kuongeza samaki kwa 6 katika kila 100. Wakiwa kati ya 10 na 30, rangi ni ya manjano, nao hukaa walipo. Wakizidi 30, rangi ni nyekundu, na wafugaji wote wa eneo lile huamriwa kupunguza kwa 6 katika kila 100.

Hapo manung'uniko yakaanza, nayo si ya kipuuzi. Mfugaji mmoja husema: "Mimi nimesafisha vizimba vyangu, nimehesabu chawa kila juma, nimetumia fedha nyingi. Jirani yangu amelala. Kwa nini nipunguziwe pamoja naye?" Wengine walipeleka neno hili mahakamani, wala hawakushinda. Je, ni haki kumpunguzia mwangalifu pamoja na mzembe?

Kama jambo hili lingekuwa adhabu, tungesema, la, si haki, maana adhabu humwangukia mwenye kosa. Lakini twaona si adhabu. Wafugaji kumi wakichunga katika bonde moja, na majani yakapungua, hatuulizi kwanza ng'ombe wa nani ana adabu. Twauliza bonde laweza kuchukua ng'ombe wangapi. Mwenye ng'ombe wazuri naye hupunguza, si kwa kuwa ametenda dhambi, bali kwa kuwa bonde limeshindwa. Ndivyo lilivyo hori. Mzigo wapimwa na maji, si na moyo wa mfugaji. Walakini neno la yule mwangalifu halina budi kujibiwa kwa njia nyingine: sheria imwachie nafasi, iwe faida kwake kutumia vyombo visivyotoa chawa, ili bidii yake isiwe bure. Wazee wetu walisema, Mchuma janga hula na wa kwao. Walisema ndivyo mambo yalivyo. Hawakusema ndivyo yapasavyo kuwa.

Jambo jingine lililoleta ubishi ni kodi. Septemba 2022 serikali ya Norwei ilitangaza nia ya kutoza kodi ya pekee, 40 katika kila 100, juu ya faida kubwa ipatikanayo kwa kutumia mahori ya taifa. Wenye makampuni wakapiga kelele ya kuwa kazi itakufa na vijiji vitateseka. Baada ya mabishano marefu Bunge likakubali mwaka 2023 kodi ya 25 katika kila 100. Katika maneno yale yote, hoja mbili zilishindana. Moja yasema: faida ni jasho la aliyethubutu wakati wengine walipoogopa. Ya pili yasema: mtu huyu amefaidi si kwa jasho tu, bali kwa kuwa amepewa hati ya kutumia hori ambalo wengine wamezuiwa, basi sehemu ya faida ni kama kodi ya nyumba, yamrudia mwenye nyumba, yaani watu wote. Sisi twaona hoja zote mbili zina kweli, lakini ya pili ina kweli ambayo husahauliwa upesi. Jasho lina haki ya ujira wake. Lakini mahali palipokingwa na milima, na maji ya baridi yapitayo usiku na mchana pasipo mtu kuyasukuma, hayakutengenezwa na jasho la mtu yeyote.

Tena liko neno ambalo sheria ya nchi moja hailioni vizuri. Samaki wa kizimbani naye hula. Zamani chakula cha samoni wa Norwei kilikuwa karibu chote unga na mafuta ya samaki wadogo. Leo sehemu kubwa ni mimea, hasa soya, lakini mafuta na unga bado vyatakiwa, wala si Norwei peke yake inayovitaka. Katika pwani ya Mauritania, na Senegali, na Gambia, viwanda vimejengwa vya kusaga samaki wadogo ambao watu wa huko waliwakausha na kuwala, na sehemu ya unga na mafuta hayo imepelekwa Ulaya na Asia kulisha samaki wa kufugwa. Wanawake waliokuwa wakiishi kwa kukausha na kuuza samaki hao hushindania bei na kiwanda, wakashindwa. Basi hori laweza kupewa rangi ya kijani, na huku chungu cha mtu wa mbali kimekuwa kitupu. Dhara lisiloonekana kwa mwenye kuandika sheria ni dhara vilevile.

Wako watu ambao, wakitazama hayo yote, wameamua kukataa kabisa. Juni 2021 Bunge la jimbo la Tierra del Fuego, kusini kabisa mwa Ajentina, lilikataza vizimba vya samoni katika maji yake kabla ya kuanzishwa. Katika jimbo la Washington, Marekani, kizimba karibu na kisiwa cha Cypress kilibomoka Agosti 2017, na samoni zaidi ya 240,000 wa aina ya kigeni wakatoroka. Wachunguzi walikuta ya kuwa nyavu zilikuwa hazikusafishwa, zikalemewa na kome na mimea. Mwaka 2018 jimbo likatunga sheria ya kuondoa samaki wa kigeni vizimbani, na Januari 2025 likakataza vizimba vya biashara vya samaki katika maji yake. Kanada nayo ilitangaza Juni 2024 kwamba vizimba vya nyavu wazi katika pwani ya British Columbia vitakoma ifikapo katikati ya mwaka 2029.

Je, wamefanya vema? Wengine husema makatazo ni anasa ya walioshiba. Mtu asiye na njaa hupenda mto mzuri. Mwenye njaa hupenda samaki. Neno hili lina uchungu wa kweli. Katika British Columbia jamii nyingine za wenyeji wa asili zimepinga vizimba kwa ajili ya samoni wao wa mitoni, na jamii nyingine zimekubali kazi ile, nazo husema kwamba kukatazwa kutawarudisha katika umaskini. Wote ni wenye nchi, wote wana haki. Hapo sheria haiwezi kutoka pasipo machozi ya mtu.

Twaona mambo mawili yafaa kupimwa kabla ya kusema ndiyo au la. La kwanza: dhara hili laweza kurudishwa? Maji yaliyochafuka chini ya kizimba huweza kupona kizimba kikihamishwa. Bali aina ya samaki iliyokwisha potea hairudi, wala damu iliyochanganyika haitenganishwi. Kwa dhara lisilorudishwa, mzigo wa kuthibitisha ni wa yule atakaye kuanza, si wa yule aogopaye. La pili: je, atakayeumia amesikilizwa? Faida huwa na wasemaji wengi, maana ina fedha ya kuwalipa. Hasara huwangukia wavuvi wadogo, na watoto wasiozaliwa, na viumbe visivyosema. Hakimu mwema husikiza zaidi upande usio na msemaji.

Na kutoka hayo mawili huja la tatu, nalo ni la wakati. Tierra del Fuego walikataza wakati hakuna hata familia moja iliyotegemea kizimba. Ubishi ulikuwapo, lakini hapana aliyepoteza kazi ya kizimbani. Kanada wakataza baada ya miaka mingi, na kila neno la sheria lagusa sahani ya mtu. Usipoziba ufa utajenga ukuta. Sheria ijayo mapema huwa nyepesi; ile ichelewayo huwa kali, hata kama ni ya haki.

Sasa turudi katika ziwa letu. Katika miaka ya 1950 sangara alitiwa katika Ziwa Victoria, na wako wataalamu walioonya wakati ule. Kwa miaka kadhaa haikuonekana neno. Kisha katika miaka ya 1980 sangara akaongezeka mno, na aina za furu zipatazo mamia, zisizopatikana mahali pengine duniani, zikapungua au kutoweka. Viwanda vya minofu vikajengwa, fedha ikaja, watu wengi wakapata kazi. Hatusemi faida ile ilikuwa si kitu. Lakini twauliza: nani aliyewauliza walaji wa furu? Lilikuwa tendo lisilorudishwa, likafanywa pasipo kusikiliza.

Vizimba vya sato si tendo la namna ile ile. Sato yumo ziwani tayari, hata akitoroka si mgeni kama samoni wa Washington. Samaki wa kuvuliwa hawawatoshi tena watu walioongezeka, na kizimba kilichowekwa vizuri chaweza kulisha wengi. Lakini ziwa nalo lina kipimo chake. Maji mazito yasiyo na hewa ya oksijeni hupanda toka chini wakati mwingine, na samaki wa vizimbani, wasioweza kukimbia, hufa kwa wingi. Hivyo ilitokea karibu na Kisumu mwishoni mwa mwaka 2022, wafugaji wakapata hasara kubwa. Kizimba kikiwekwa katika ghuba yenye maji machache yasiyokwenda, au juu ya mazalio ya samaki, au katika njia ya mitumbwi, mvuvi mdogo hulipa gharama ya mwenye kizimba. Na kwa kuwa ziwa ni la nchi tatu, kosa la upande mmoja huenda na maji upande mwingine. Kwa sababu hiyo nchi hizo zilifanya mapatano mwaka 1994 ya kuangalia uvuvi wa ziwa pamoja. Mapatano ni mema, lakini karatasi haihesabu vizimba. Watu ndio wahesabuo.

Basi kwa mwenye kuomba hati ya kizimba twasema: Heri uione sheria kuwa rafiki wa kazi yako, maana jirani akiharibu maji, samaki wako ndio wa kwanza kufa. Kwa mwenye kutoa hati twasema: Usihesabu ada tu, hesabu na maji, ukawaite wavuvi wa ufuko ule uwasikilize kabla ya kutia sahihi, si baada yake. Na kwa sisi wengine, ambao hatuna kizimba wala mtumbwi bali twanunua samaki sokoni, yatupasa kukumbuka ya kuwa samaki wa bei rahisi pengine amelipiwa na mtu mwingine ambaye hatumwoni. Haki haitaki tuache kumla. Yataka tuulize nani amelipa, na kama alikubali.